Namsomea Babu Kisichoandikwa

Mpendwa Bi Rozalia, naomba msaada kwenye ukurasa wako wa gazetini, na naanza na lile zito kabisa kabla sijabadili nia na kuichana karatasi hii: namdanganya babu yangu, ambaye haoni, na namdanganya kwa kitabu nilichokishika mbele ya uso wake. Hakuna mtu niliyemwambia. Mama hajui, na hata padri hajui, kwa sababu mwezi uliopita nilipiga magoti kwenye kitubio nikataja uvivu, nikataja hasira, na hili nikalimeza, nikatoka kanisani nikiwa na hali mbaya kuliko nilivyoingia.

Nilimaliza shule mwezi wa tano. Asubuhi nauza mikate kwenye duka la jirani, na wateja wengi hawaijui sauti yangu kwa kuwa nazoea kuonyesha kwa kidole na kutikisa kichwa. Kwenye mtihani wa mwisho wa mdomo nilijibu kwa sauti ndogo sana mpaka mwalimu mmoja akainuka kufunga dirisha, akidhani ni kelele za tramu zinazonifunika, na dirisha lilipofungwa bado hawakunisikia. Mtu mmoja tu duniani ndiye ninayeweza kusema mbele yake kwa sauti kamili, naye ni Babu Alojz, baba yake mama, tunayekaa naye. Nikimsomea naigiza wote, wanaume, wanawake, mbwa, na sioni haya, labda kwa sababu hanioni, na hilo nalo sasa linanichoma.

Babu alifanya kazi mgodini, kwenye makaa ya mawe, tangu ujana mpaka alipostaafu. Kisukari kimemla macho kidogo kidogo, na sasa anachoona ni mwanga wa dirisha tu. Mwanzoni nilikuwa namsomea gazeti, lakini mwaka jana nilikuwa jikoni nasoma peke yangu kitabu cha kwanza cha mfululizo uitwao Vichochoro vya Chumvi, ambao darasani kwetu kila mtu aliusoma. Unahusu vijana wa rika langu wanaoshushwa na wakubwa wa mji ndani ya mzingile ulio chini ya ardhi, njia zinazojizungusha na kuwapoteza, na kila kengele ikilia maji ya chumvi hupanda kwenye baadhi ya njia na malango hushuka, na hakuna aliyewahi kutoka hai. Babu akaniuliza kutoka kwenye kiti chake:

"Unasoma nini wewe, unapumua kama umefukuzwa?"

"Kitabu cha vijana, Babu. Wameshushwa chini ya ardhi."

"Wana taa?"

"Hawana."

"Basi aliyeandika hajawahi kushuka. Soma, tuone atawauaje."

Tangu siku hiyo hakutaka gazeti tena. Aliwaita "vijana wa zamu yangu." Kiongozi wao ni msichana anayeitwa Cheche, na Babu alikuwa anagombana naye kama yupo mezani kwetu.

"Mwambie huyo Cheche asikilize mbao kwanza. Mbao zinalia kabla dari haijashuka."

"Babu, hanisikii."

"Basi paza sauti. Nyumba nzima hii hakuna anayekusikia, hata watu wa kwenye vitabu."

Aliyempenda kuliko wote ni mvulana anayeitwa Mluzi, ambaye hutangulia gizani na kupiga mluzi njia ikiwa salama ili wenzake wafuate. Babu akawa anapiga mluzi akienda bafuni. Mama akasema amerudia utoto, lakini alisema akicheka, kwa sababu kabla ya hapo Babu alikuwa anakaa siku nzima ameuelekea ukuta.

Tulikuwa na sharti moja, na naomba ulikumbuke, Bi Rozalia, kwa kuwa ndilo lililoniponza. Babu alinikataza kusoma mbele peke yangu. Alisema zamu inashuka pamoja na inapanda pamoja, na anayetangulia peke yake anatafuta balaa. Kwa hiyo nilikuwa naufungua kila ukurasa bila kujua kilichomo, sawa na yeye.

Jumapili moja mwezi wa nane, tumeshakula, mama anaosha vyombo, tulikuwa kwenye kitabu cha tatu. Dari ikaanguka katikati ya njia, Mluzi akabaki upande wa pili, wenzake wakamsikia anagonga bomba kwa jiwe, na maji yalikuwa yamewafika magotini. Jicho langu lilikimbilia mistari ya chini nikaona Cheche anasema tunaondoka, na wanaondoka, na kule kugonga kunawafuata mpaka hakusikiki tena. Nikamtazama Babu. Kikombe kilikuwa kimeinama mkononi mwake, kahawa inamwagikia suruali, na hakuwa anahisi. Mimi nilijua lile tu linalojulikana na mtaa mzima, kwamba mama akiwa bado mtoto mdogo kulitokea ajali mgodini, Babu akatoka na rafiki yake Ginter hakutoka. Zaidi ya hapo hatukuwahi kuambiwa na hatukuwahi kuuliza. Basi macho yakabaki kwenye ukurasa na mdomo ukaenda kwingine. Nikasoma, yaani nikatunga, kwamba Cheche alisimama, akageuka, akasema hatumwachi, wakarudi wote, wakachimba kwa mikono mpaka kucha zikang'oka, wakamtoa Mluzi anapumua.

Babu akanigeuzia sikio.

"Walirudi?"

"Walirudi, Babu."

"Wote? Hakuna aliyetoroka?"

"Wote."

"Na maji?"

"Maji yaliwafika kifuani, wakaendelea kuchimba."

"Vijana wazuri," akasema, akaniomba nimsindikize chumbani, na jioni hakutaka supu. Mimi nililala nikiwa na furaha. Nilijiona nimefanya jambo jema.

Toka siku hiyo nimekuwa na kazi ya kumweka hai mtu aliyekufa. Kitabu kilikuwa kinaendelea bila Mluzi, na mimi ilinibidi nimtie maneno mdomoni, nimpe chakula, nimpe mahali pa kulala. Nikavunja sharti, nikawa nasoma mbele kwa siri dukani chini ya kaunta ili nijue pa kumchomeka na nini cha kuruka. Mara nyingine nilimsahau kurasa nyingi, na Babu akauliza, "Mluzi yuko wapi? Mbona hapigi mluzi siku hizi?" nikasema ana homa, Babu akasema, "Amekuwa kimya kama wewe." Pale wenzake wanapomlilia nilikuwa naruka, na Babu alikuwa anapitisha kidole gumba kwenye unene wa kurasa zilizobaki akisema, "Kitabu kinene hivi, wewe unakimaliza kama mtu anayekunywa maji." Nilikuwa nacheka. Bi Rozalia, nilikuwa nacheka, na anayechekwa alikuwa ananishika mkono.

Sasa nifike kwenye Siku ya Watakatifu Wote. Kila mwaka tunakwenda makaburini na maua na taa, na Babu hubeba taa moja ya ziada kwa ajili ya Ginter. Kwa Ginter tunakwenda asubuhi mapema kabla watu hawajafika, kwa sababu Babu hataki kukutana na Bi Truda, mjane wa Ginter, ambaye anakaa jengo hilihili letu, ngazi ya pili, yenye mlango wake wa nje, na ambaye Babu amemkwepa maisha yangu yote. Alipokuwa bado anaona alikuwa anavuka barabara akimwona. Mwaka huu nilimkuta Babu ameketi kitandani amevaa koti na viatu, akasema, "Nendeni. Mimi siendi." Mama akaenda na taa, mimi nikabaki, na Babu akaniambia mambo ambayo hajawahi kumwambia mtu, hata marehemu Bibi.

Alisema msimamizi aliamuru watoke kwa sababu anguko la pili la dari lilikuwa linakuja, na Ginter alikuwa nyuma ya kifusi anagonga bomba, anagonga, ananyamaza, anagonga tena. Alisema, "Hakuna aliyenivuta. Nilitoka kwa miguu yangu." Walipomfikia Ginter alikuwa amekufa. Siku ya mazishi Bi Truda alimuuliza, Alojz, alikufa palepale? Babu akamjibu, palepale, Truda, hakuhisi kitu. Kisha akanigeukia mimi, na macho yake yakawa yanatazama pembeni kidogo ya uso wangu kama kawaida, akasema:

"Miaka yote nimejiambia kwamba mtu yeyote angetoka. Yeyote. Sasa wale watoto hawana taa, hawana chochote, na walirudi. Mimi nilikuwa na taa."

Nilipaswa kusema palepale. Mdomo ulikuwa wazi kabisa. Sikusema. Nilimvua viatu.

Baada ya hapo amemwambia mama aitoe sare yake nyeusi ya wachimbaji na kofia yake yenye manyoya, wapewe watu wa bendi ya mgodi waitafutie mtu mwingine wa kuivaa. Siku ya Mtakatifu Barbara, mwombezi wa wachimbaji, inakuja, bendi itapita chini ya madirisha yetu asubuhi kama kila mwaka, na kila mwaka Babu husimama langoni na sare hiyo, hata mwaka jana akiwa haoni alisimama nimemshika mkono. Mwaka huu anasema mtu aliyemwacha mwenzake asisimame mbele ya bendi. Mama anadhani ni uzee. Ananiambia, "Acha kumsomea hayo ya watoto kuzama, msomee matokeo ya mpira." Sanduku la sare liko ukumbini, mtu wa bendi atalifuata mwisho wa mwezi.

Na kila siku Babu ananiomba jambo lilelile. "Nisomee tena pale waliporudi." Nasoma. Kwa kuwa hakuna kilichoandikwa, kila mara inatoka tofauti kidogo, na wiki iliyopita akanikamata.

"Jana walichimba kwa mikono. Leo koleo limetoka wapi?"

"Jana nililiruka, Babu."

"Usiruke. Nisomee kila neno, nastahili kulisikia."

Jambo la mwisho ndilo baya kuliko yote, na nililigundua juzi tu. Karibu na mwisho wa kitabu cha nne, Cheche anatoka chini akiwa hai na kufika kwa mama yake Mluzi. Anamwambia, nilimsikia anagonga na nikaondoka. Yule mama anamwekea chakula, anakaa, kisha anasema, kama na wewe ungebaki chini, nani angekuja kuniambia kwamba mwanangu aligonga mpaka mwisho, kwamba hakukata tamaa? Nilisoma hapo nimesimama nyuma ya mikate na mteja ananiita simsikii. Ukurasa aliokuwa anauhitaji Babu ulikuwemo kitabuni muda wote, na mimi ndiye niliyemzibia njia ya kuufikia, kwa sababu mwanamke huyo hawezi kusema hayo kuhusu mtoto ambaye mimi nimemfufua.

Sasa nimekwama. Nikimwambia ukweli atajua kwamba alinifungulia moyo wake kwa sababu ya uongo wangu, na hatanitaka tena nimsomee, na kwangu hicho ndicho kitu pekee ninachokiweza. Moyo wake pia si mzima, daktari alishasema asishtuliwe. Nimefikiria kutunga tena, nitunge ukurasa mwingine ambapo mtu fulani mzee katika hadithi anawaambia wale vijana kwamba aliyetoka naye hana kosa, na nimeshauandika kichwani, ni mzuri, nadhani angeuamini. Lakini nikifungua kinywa nausikia mwenyewe kuwa ni uongo. Niambie nifanye nini, nikae kimya, nitunge, au niseme, na kama ni kusema niseme vipi, mimi nisiyeweza hata kumwambia mteja kuwa mkate wa shayiri umekwisha.

Nakuomba ubadilishe majina na usiutaje mji. Na wewe mwingine yeyote unayesoma ukurasa huu, ukihisi unamfahamu mzee huyu, tafadhali usiseme. Ibaki kati yetu.

Mimi,
Msomaji wa Babu

*

BI ROZALIA ANAJIBU

Binti yangu, majina nimebadilisha yote, mji nimeuacha, na barua yako sijamwonyesha mtu hapa ofisini. Jibu hili nimekutumia kwa posta kwanza. Gazetini nitaliweka baada ya Siku ya Mtakatifu Barbara. Kwa hiyo una nafasi, ila si kubwa.

Nianze na lililo jepesi. Uongo wa Jumapili ile nakusamehe. Uliona kahawa inamwagika kwenye mapaja ya mzee, na mtu anayeendelea kusoma bila kujali mbele ya jambo kama hilo simtaki nyumbani kwangu. Lakini Jumatatu ilifika, siyo? Jumanne nayo ikafika. Ungeweza kusema, "Babu, jana niliogopa, nikatunga." Maneno machache tu, na yangekwisha kabla supu haijapoa. Badala yake ukaanza kumpikia maiti chakula na kumpa homa. Hapo ndipo ninapokukaripia, na usiniambie ni haya. Haya ni ile ya dukani. Hii ya kwa babu yako ilikuwa raha. Kwa mara ya kwanza kuna mtu aliyekuwa anasubiri neno lako, na wewe ukanogewa.

Na kuna jambo la pili, ambalo wewe hukuliona kabisa. Ulimwamulia. Mwanamume aliyeshuka chini ya ardhi kila siku ya maisha yake, wewe uliyemaliza shule juzi ukaamua kuwa hawezi kustahimili ukurasa mmoja wa kitabu. Mama yako naye anaamua kuwa ni uzee. Kila mtu nyumbani humo anamchagulia mzee cha kusikia, na yeye amekaa peke yake na lile bomba linalogongwa.

Unaogopa kwamba alikufungulia moyo kwa sababu ya uongo wako. Hapana. Alikufungulia kwa sababu amelibeba miaka mingi na wewe ulikuwepo. Kosa lako si kwamba alisema. Kosa lako ni kwamba anajihukumu, na shahidi anayemtia hatiani ni wale watoto waliorudi, na watoto hao hawapo. Kila ukimsomea tena unamleta shahidi wa uongo mahakamani, na mshtakiwa anakushukuru. Leo hii acha. Akikuomba tena ule ukurasa, hata kabla hujapata ujasiri wa mengine, jibu lako ni moja: "Huo siusomi, Babu."

Kuhusu kutunga tena, jibu ni usithubutu. Naamini ukurasa wako ni mzuri. Nunua daftari, uuandike, weka jina lako juu, siku moja nitausoma kwa furaha. Lakini usiuandike mgongoni mwa mtu asiyeweza kuona kama karatasi ni tupu. Halafu fikiri kidogo. Msamaha ulioutunga wewe ni wa kazi gani kwake? Atakapougundua, na ataugundua, maana ameshagundua koleo, atapoteza hata ule wa kweli ulioko kitabuni.

Unasema daktari alionya asishtuliwe. Mwulize daktari, si mimi, lakini ninavyosoma barua yako mtu huyu ameacha kutoka nje, ameacha kuwasha taa ya rafiki yake, na sare yake iko kwenye sanduku. Mshtuko umeshampata. Unachompelekea ni dawa iliyochelewa, na ni chungu.

Sasa sikiliza nitakavyokuelekeza, na ufanye hivi bila kupamba.

Chagua mchana, mama yako akiwa kazini, Babu ameshakula na kuchoma sindano yake. Usikishike kitabu. Kiache jikoni, asije akadhani unasoma. Kaa mahali ambapo anaweza kukugusa. Mwambie, "Babu, kwenye kitabu hawakurudi. Mimi nilitunga. Niliogopa kwa ajili yako, halafu nikaogopa kwa ajili yangu." Usiendelee. Usilie kabla yake, maana ukilia yeye ndiye atakayekubembeleza, na si zamu yako ya kubembelezwa.

Atakasirika. Pengine atakuita mwongo, na utakubali kwa sababu ni kweli. Pengine atakwambia utoke. Toka, lakini uishie jikoni, usitoke nyumbani. Pengine atanyamaza siku mbili. Mpe chakula chake, mpe dawa zake, usimwombe msamaha kila unapopita mlangoni, hiyo ni kumsumbua. Nikuambie kinachonipa tumaini: babu yako mwenyewe aliwahi kumwambia mjane neno "palepale." Anajua uongo wa huruma unavyoanza na unavyokaa tumboni. Katika watu wote unaowaogopa, huyo ndiye anayeweza kukuelewa kuliko wote. Lakini hilo usimwambie wewe. Aliseme yeye akitaka.

Siku atakaposema, "Haya, soma," utaanzia kwenye kugonga. Soma kama ilivyoandikwa, wakiondoka, na kugonga kukiwafuata. Kikombe usimpe mkononi, kiweke mezani. Chochote utakachokiona usoni mwake, endelea. Kisha mlilie Mluzi pamoja na wenzake kurasa zote ulizoziruka, na umfikishe Babu kwa yule mama. Ukimaliza maneno ya yule mama funga kitabu, na funga mdomo. Usimweleze maana yake. Usiseme, "Unaona, Babu?" Anaona.

Sare na sanduku lake si juu yako. Usimwambie mtu wa bendi chochote, usimshawishi avae, usimshawishi asivae. Akisimama langoni mwaka huu, ni yeye ameamua. Akikaa kitandani bendi ikipita, kaa naye.

Na kwa Bi Truda usiende. Najua umeshawaza kwenda, wasichana wa aina yako hukaa kimya dukani halafu wanataka kuokoa mtaa mzima. Aliloulizwa Alojz siku ya mazishi ni la Alojz kulijibu upya au kuliacha. Lakini akikwambia siku moja, "Nipeleke ngazi ya pili," usiulize kwa nini. Mletee koti. Mshike mkono kwenye ngazi, mfikishe mlangoni, bonyeza kengele, na ukisikia miguu ya Bi Truda inakuja, mwachie mkono, ushuke ukamsubiri chini.